Kama kila nchi inapiga kura, hao madikteta wanaosemwa wako wapi?

Mama Kichanja (Katonga, Kigoma)

Wakubwa shikamooni, wenzangu habari za leo.

Mimi ni mfanyabiashara wa dagaa na migebuka hapa mwalo wa Katonga. Naandika kwa simu, mkikuta herufi zimerukwa mnivumilie. Siasa siyo kazi yangu, ila wateja wangu wengi wanatoka Burundi na Kongo, na kila wakubwa wa kule wakikorofishana mimi ndiye nabaki na magunia.

Jambo lenyewe ni hili. Juzi tuko kichanjani tunageuza dagaa, redio inaongea. Ikasema kuna watafiti wa Chuo Kikuu cha Gothenburg, Sweden, mradi wao unaitwa V-Dem, kila mwaka wanapima nchi karibu zote. Kwenye ripoti yao ya 2025 walihesabu tawala za kiimla 91 na za kidemokrasia 88, na ilikuwa imepita zaidi ya miaka ishirini bila za kiimla kuwa nyingi kuliko za kidemokrasia. Tena wakasema katika kila watu 100 duniani, kama 72 wanaishi chini ya utawala wa kiimla.

Dereva wa Fuso aliyekuja kupakia mzigo akaangua kicheko. "Madikteta gani hao? Siku hizi nani haitishi uchaguzi? Hata Korea Kaskazini wanapiga kura!" Watu wakacheka, na mimi nikacheka. Lakini jibu sikuwa nalo.

Ambaye hakucheka ni mteja wangu mmoja kutoka Rumonge, Burundi. Huyu mama mdomo anao. Akiona nimezidisha bei ya kisado kidogo tu atanisuta mpaka mwalo mzima ujue. Lakini siasa ikiingia anainama, anachambua dagaa, anatoa mchanga ambao haupo. Ukimuuliza uchaguzi wao ulikwendaje anakwambia "ulikwenda vizuri, mama", kwa ile sauti ya mtu anayejibu ofisini.

Najua alipita Kagunga mwaka 2015. Mliokaa mbali hamkuiona Kagunga ya Mei ile. Ni kijiji kimebanwa katikati ya mlima na ziwa, na watu walimiminika pale kwa maelfu mpaka hakuna pa kujisaidia, kipindupindu kikaingia. Meli ya Liemba ilikuwa inakwenda kuwachukua, nayo ina nafasi ya watu kama 600 tu. Gati la kufunga hakuna, kwa hiyo inasimama majini, watu wanapelekwa kwa mitumbwi, mama na mtoto mgongoni anavutwa mkono kuingia melini. Hapa mjini wakapumzishwa uwanja wa Lake Tanganyika, kisha mabasi hadi kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu. Sisi wanawake wa mwalo tulipika uji.

Yote yale ni kwa sababu Rais Nkurunziza alitaka kugombea mara ya tatu. Sasa sikilizeni. Burundi ile ilikuwa na katiba. Ilikuwa na Mahakama ya Katiba, nayo ilisema anaruhusiwa. Ilikuwa na tume ya uchaguzi. Julai wakapiga kura, akashinda. Kila kilichoandikwa kwenye kitabu cha Uraia cha mwanangu kilikuwepo. Kilichokosekana ni nini hasa?

Kijana wangu yuko chuo Dodoma, anasema kupiga kura ni kupoteza asubuhi. Nataka jibu la kumpa. Na tafadhali msinijibu kwa vyama, hayo ninayasikia bure.

---

Karani Mstaafu (Tabora)

Marahaba mama, pole na jua la kichanjani.

Nilikuwa halmashauri, na uchaguzi ukifika walikuwa wanatuchukua kusimamia vituo. Kwa hiyo nitakujibu kama mtu wa kituo, siyo kama profesa. Mimi huuliza maswali mawili. Aliyeko madarakani anaweza kushindwa? Na akishindwa, wewe wa chini utajua hata kama yeye hataki ujue? Nchi ikijibu hapana kwa yote mawili, masanduku na wino na foleni ni mapambo.

Kwamba kura peke yake haitoshi, sisi Tabora tulilijua kabla ya uhuru. Januari 1958 TANU walifanya mkutano mkuu hapahapa, wakabishana kuhusu kura tatu. Mwingereza alikuwa ametengeneza uchaguzi ambao kila mpiga kura lazima achague Mwafrika mmoja, Mzungu mmoja na Mhindi mmoja, la sivyo kura yake imeharibika. Na si kila mtu aliandikishwa. Ulitakiwa uwe na kipato cha pauni 150 kwa mwaka, au umefika darasa la nane, au una wadhifa unaotambulika. Uchaguzi ulikuwepo, mama! Watu wengi walitaka TANU isusie. Nyerere akawashawishi waingie, Zuberi Mtemvu akajitoa akaanzisha chama chake. TANU wakaingia, wakaweka watu wao, na wagombea waliowaunga mkono kwa rangi zote tatu wakashinda. Mkoloni alidhani amefunga mlango, kumbe alisahau dirisha.

Halafu 1965 tukawa na chama kimoja, na hapa nataka vijana wasome vizuri kwa sababu wengi hudhani zama zile hapakuwa na kushindwa. Karibu kila jimbo TANU ilisimamisha wagombea wawili, mmoja alama ya jembe, mwingine alama ya nyumba. Mwaka ule hata Paul Bomani, waziri wa fedha, aliangushwa na wananchi. Lakini urais ulikuwa na jina moja tu, unaweka ndiyo au hapana. Kwa hiyo mbunge ungeweza kumtoa, rais huwezi. Ukiniuliza ile ilikuwa demokrasia au udikteta nitakwambia ilikuwa nusu kwa nusu, na nusu iliyokosekana ndiyo nzito.

Sasa lile swali la pili, la kujua. Kituoni, kura zikiisha, tunafunga mlango na mawakala wa vyama wako ndani. Msimamizi anainua karatasi moja moja, anaigeuza kila wakala aone, anataja jina, mwingine anachora vijiti. Ugomvi mkubwa huwa ni kwenye kura zilizoharibika, vema limegusa mstari, mnaishika karatasi ile mnaielekeza kwenye taa. Mwisho inajazwa fomu ya matokeo, mawakala wanasaini, nakala inabandikwa nje. Kuna kituo kimoja gundi iliisha tukabandika kwa ugali. Asubuhi watu wanakuja na madaftari wananakili. Nchi ambayo karatasi ile inabandikwa, inanakiliwa, na jumla ya karatasi zote inalingana na kinachotangazwa juu, pale kuna kitu. Ikipotea njiani, hata watu wapige kura kwa furaha, hakuna kitu.

Ndiyo maana Venezuela ya Julai 2024 ilinishughulisha. Tume yao ilimtangaza Rais Nicolás Maduro kwa asilimia 51, bila kutoa matokeo ya kituo kwa kituo. Wapinzani walikuwa wameweka mawakala kila mahali, wakakusanya zile karatasi zinazotolewa na mashine, zaidi ya asilimia 80 ya vituo vyote, wakaziweka kwenye mtandao kila mtu ajumlishe. Zilionyesha mgombea wao, Edmundo González, kashinda kwa mbali. Maduro akaapishwa Januari 2025 hata hivyo, na González akaishia uhamishoni Hispania. Kwa hiyo karatasi haikumtoa mtu. Ila hakuna aliyebaki gizani.

Malawi ilikwenda tofauti. Uchaguzi wa 2019, fomu zilifutwafutwa kwa ule wino mweupe wa kusahihishia, watu wakaandamana miezi, na Februari 2020 mahakama ikaubatilisha. Ukarudiwa Juni, Rais Peter Mutharika akashindwa na Lazarus Chakwera. Septemba 2025 Mutharika yuleyule akamshinda Chakwera, na Chakwera akakubali. Kenya nao, Septemba 2017 mahakama ya Jaji Maraga ilifuta ushindi wa rais aliyeko ikulu, na mwaka 2022 tume iliweka fomu za vituo zaidi ya 46,000 mtandaoni. Mwenye bando angeweza kujumlisha mwenyewe.

Turudi kwa mteja wako wa Rumonge. Mahakama ya Burundi ilikuwepo, kweli. Lakini makamu wa rais wa mahakama ile, Sylvère Nimpagaritse, alikimbilia Rwanda kabla hukumu haijatoka, akasema majaji wametishwa. Redio binafsi zikachomwa Mei ileile, wakati wa lile jaribio la mapinduzi. Wapinzani wakasusia. Majengo yote yalikuwepo, mama, waliokuwa na uwezo wa kusema hapana wakawa wameondoka.

---

Dogo wa Gungu

Wazee shikamooni, ila mnaandika kama mnalipwa kwa neno.

Mimi bodaboda, demokrasia haiingii kwenye tenki. Singapore chama kimoja kiko madarakani tangu 1959, wametupita kwa kila kitu. China wametoa mamia ya mamilioni ya watu kwenye umaskini bila kumuuliza mtu kura yake. Rais Bukele wa El Salvador kawaswaga magenge yote ndani, bibi kizee anatembea usiku. Hapo jirani Rwanda, Kagame 2024 kapata asilimia 99.18, mji msafi, trafiki hakuombi ya maji. Afadhali mmoja anayefanya kazi kuliko mia tatu wanaosinzia bungeni. Niambieni nakosea wapi.

---

Mwalimu wa Kasulu

Dogo usikimbie, umeuliza linaloulizwa na nusu ya darasa langu kila mwaka.

Tuanze na China. Hiyo hiyo iliyopunguza umaskini kuanzia mwisho wa miaka ya 1970 ndiyo iliyokuwa na njaa ya 1959 hadi 1961. Viongozi wa chini walikuwa wanaandika mavuno ya uongo, maana aliyesema shamba halikuzaa alionekana msaliti. Serikali ikachukua nafaka kwa hesabu ile ya kwenye karatasi, wakulima wakabaki na mabua. Walikufa watu mamilioni kwa mamilioni. Mwanauchumi Amartya Sen wa India aliliona hili akasema njaa kubwa ya kuua watu haijawahi kutokea kwenye nchi huru ya kidemokrasia yenye magazeti yanayoandika bila hofu. Siyo kwamba mvua hunyesha zaidi kwa wapiga kura. Ni kwamba kuna mtu atapiga kelele mapema, na mkubwa atakayetaka kura lazima amsikie.

Singapore ni moja. Ukihesabu waliofanikiwa chini ya mtu mmoja uhesabu na wengine. Simama Ujiji uangalie ng'ambo ya ziwa, Kongo. Mobutu alitawala kule miaka 32, kuanzia 1965 hadi 1997, naye alikuwa anaamua haraka sana. Singapore yenyewe, wapinzani wanapata viti, uchaguzi wa 2025 Workers' Party walipata kumi.

Bukele ndiye mtamu zaidi, kwa sababu yeye alichaguliwa kweli, na watu wanampenda kweli. Sasa tazama alivyopanga. Mei 2021 bunge lake, siku ya kwanza tu ya kukaa, liliwaondoa majaji wa mahakama ya juu wanaoamua mambo ya katiba. Majaji wapya wakasema rais anaweza kugombea tena, jambo ambalo katiba ilikuwa inalikataza. Machi 2022 ikatangazwa hali ya dharura, imekuwa ikiongezwa mwezi hadi mwezi, na waliokamatwa wamepita 80,000. Wamo wa magenge, na wamo ambao jirani aliwapigia simu tu polisi. Februari 2024 akashinda kwa zaidi ya asilimia 80. Julai 2025 bunge likaondoa ukomo kabisa na kurefusha muhula kuwa miaka sita. Hatua hizo zote hazikuhitaji kifaru barabarani.

Viktor Orbán wa Hungary alianza hivyohivyo 2010. Alipata theluthi mbili ya bunge kwa kura halali, akaandika katiba mpya, majimbo yakachorwa upya, vyombo vya habari vikanunuliwa na marafiki. Septemba 2022 Bunge la Ulaya likasema nchi ile haihesabiki tena kuwa demokrasia kamili. Ndiyo maana mwanajeshi anayetangaza redioni usiku, kama Mali au Niger, sasa hivi ni rahisi kumtambua. Huyu mwingine wa kuchaguliwa huwezi kuonyesha siku aliyogeuka.

Swali langu kwako, Dogo: Bukele akikuchosha, unamtoaje?

---

Dogo wa Gungu

Akinichosha… si atakuwa ameshazeeka mwalimu 😂

Ila ya China sikuijua.

---

Mtoto wa Kalemie (Mwanga, Kigoma)

Mmemtaja Mobutu, nikaona niingie. Nauza vitenge soko la Mwanga, kwetu ni Kalemie, Kongo.

Karani, maswali yako mawili nimeyapenda ila kwetu yaligongana. Muhula wa Rais Kabila uliisha Desemba 2016. Uchaguzi ukaja tarehe 30 Desemba 2018. Miaka miwili tunaambiwa daftari halijakamilika, hela hakuna, barabara mbovu. Kura zilipopigwa mgombea wake, Shadary, akashindwa. Kwa hiyo swali lako la kwanza tulifaulu! Aliyekuwa juu alishindwa, na Januari 2019 tukaona rais anamkabidhi rais mwenzake kwa amani, mara ya kwanza tangu uhuru. Watu walicheza barabarani.

Lakini nani alishinda? Kanisa Katoliki lilikuwa limeweka waangalizi kama 40,000, maaskofu wakasema takwimu zao hazilingani na za tume. Tume ilimtangaza mpinzani Tshisekedi, mpinzani mwingine Fayulu akasema ni yeye, mahakama ikamwacha Tshisekedi. Na intaneti ilikatwa kesho yake tu baada ya kura, karibu wiki tatu, kaka yangu wa Lubumbashi nikawa nampigia kwa simu ya kawaida, dakika zinakula hela.

Kitu kimoja sitakisahau. Watu wa miji ya Beni na Butembo, mashariki mwa Kongo, waliambiwa wao watapiga kura Machi, kwa sababu ya Ebola na vita. Machi, na rais anaapishwa Januari! Basi vijana wa Beni tarehe ileile 30 Desemba wakatengeneza vituo vyao wenyewe, meza, karatasi, foleni ndefu, na ndoo ya maji mtu anawe mikono kabla ya kupiga kura. Walijua haitahesabiwa popote. Mimi mjomba wangu alisimama kwenye foleni ile na mguu wake mbovu.

Mwambie kijana wako wa Dodoma habari ya Beni. Au usimwambie, maana anaweza kusema ndiyo hivyo, si haikuhesabiwa.

---

Mama Kichanja (Katonga, Kigoma)

Asanteni sana, nimesoma yote mara mbili, ya pili nikiwa nasubiri mtumbwi.

Kijana nimemtumia uzi mzima. Kajibu kwa sauti, nami nawaandikia alivyosema bila kupunguza.

Kasema, "Mama, hao wazee wanazungumzia Venezuela ili wasizungumzie hapa." Kasema tarehe 29 Oktoba 2025 intaneti ilizimwa siku ya kura yenyewe. Hilo kweli, mimi mwenyewe mzigo wangu ulikuwa umefika Tabora na sikuweza kutumiwa picha ya makabidhiano. Kasema CHADEMA walikuwa wameondolewa toka Aprili kwa kutosaini maadili ya uchaguzi, mwenyekiti wao Tundu Lissu alikuwa ndani kwa kesi ya uhaini, na Luhaga Mpina wa ACT jina lake likaenguliwa. Halafu ikatangazwa asilimia 97.66. Na watu walikufa, idadi mpaka leo watu hawakubaliani, na rais mwenyewe akaunda tume ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman kuchunguza. Akamalizia, "Sasa karani wako karatasi yake anaibandika wapi?"

Nilisema msinijibu kwa vyama, na bado nasema hivyo. Lakini mtoto kauliza, na mimi siwezi kumwambia hajauliza.

---

Karani Mstaafu (Tabora)

Mama, mwanao ana haki ya kuuliza, na sitamkwepa.

Kwa maswali yangu mawili, uchaguzi ule haufaulu. Waangalizi wa SADC na wa Umoja wa Afrika, ambao kwa kawaida ni wapole kupita kiasi, safari hii walisema haukufikia viwango walivyokubaliana wenyewe. Kuzima mtandao siku ya kura kunagusa moja kwa moja lile la kujua: picha ya fomu ya Uvinza haiwezi kufika Urambo. Na juu ya hayo Katiba yetu, ibara ya 41 kifungu kidogo cha 7, inasema tume ikishamtangaza rais hakuna mahakama itakayochunguza. Kenya 2017 na Malawi 2020 zisingewezekana kwetu hata jaji angekuwa na moyo wa simba.

Ila anaposema kwa hiyo abaki kitandani, hapo simfuati. Hakainde Hichilema wa Zambia aliwekwa ndani 2017 kwa uhaini, kisa msafara wake haukumpisha rais. Agosti 2021 akamshinda rais yuleyule, Edgar Lungu, kwa tofauti ya karibu kura milioni moja. Vijana walijipanga foleni hadi usiku. Tofauti ikiwa elfu kumi unaweza kuicheza kwenye meza moja, ikiwa milioni moja utahitaji kuwashirikisha watu wengi mno, na wengine watakataa. Senegal, Rais Macky Sall alitaka kuahirisha uchaguzi wa Februari 2024, Baraza la Katiba likamkatalia. Mpinzani Bassirou Diomaye Faye akatoka gerezani Machi 14, kura zikapigwa Machi 24, akashinda. Siku kumi! Botswana Oktoba 2024 chama kilichotawala toka 1966 kilishindwa, na Rais Masisi akakubali kabla hesabu haijaisha.

Na Korea Kusini, kijana wa chuo hii aitafute aione kwa macho. Usiku wa Desemba 3, 2024 Rais Yoon alitangaza utawala wa kijeshi. Wabunge wakaruka uzio wa bunge lao, askari wako nje, wakaingia 190, wakapiga kura kuifuta amri ile. Wote 190. Na hapo hakujakucha. Aprili 2025 mahakama ikamwondoa kabisa, majaji wanane kwa wanane.

Sisemi ni rahisi. Nasema waliofanya hayo walikuwa wameanza kazi kabla ya siku ya kura: wanasheria, mawakala, waandishi, majaji wachache. Siku ya kura yenyewe unakuta imekwisha kuamuliwa, kwa uzuri au kwa ubaya.

---

Mama Kichanja (Katonga, Kigoma)

Nimempelekea. Kanyamaza kidogo, kisha kauliza jambo ambalo mimi silijui. Kasema alisikia kuna mahakama Arusha iliwahi kusema hiyo ibara ya 41(7) haifai. Ni kweli? Na kama ni kweli, mbona bado ipo?

---

Mwalimu wa Kasulu

Ni kweli. Ni Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, makao yake Arusha. Wakili Jebra Kambole alifungua kesi dhidi ya serikali, na Julai 2020 mahakama ikaamua kwamba kifungu kile kinavunja Mkataba wa Afrika, ikaagiza Tanzania irekebishe. Kabla yake, Juni 2013, mahakama hiyohiyo ilishaamua kwa kesi ya Mchungaji Christopher Mtikila kwamba kuzuia mgombea binafsi nako kunavunja mkataba. Vifungu vyote viwili bado vimo.

Mbona bado vipo? Kwa sababu mahakama ile haina polisi. Inaagiza, nchi ndiyo inatakiwa kutekeleza, na utekelezaji unapita bungeni kwa sababu ni kubadili Katiba. Nani ataliamsha bunge, hapo ndipo kazi ilipo, na mwanao kama anasoma sheria ataikuta.

Kuna na jambo la pili ambalo watu wengi huku hawalijui. Ili mwananchi wa kawaida au asasi iweze kwenda moja kwa moja pale, nchi yake lazima iwe imeweka tamko la kuruhusu. Tanzania ilikuwa imeliweka. Novemba 2019 ikaandika barua kuliondoa, na likaacha kufanya kazi mwaka mmoja baadaye. Rwanda ilikuwa imeondoa la kwake 2016, Benin na Ivory Coast zikafuata 2020.

---

Mtoto wa Kalemie (Mwanga, Kigoma)

Kwa hiyo mahakama iko Arusha, na mtu wa Arusha haruhusiwi kuingia?

---

Mwalimu wa Kasulu

Anaingia kusikiliza. Kesi zilizofunguliwa kabla ya Novemba 2020 ziliendelea. Mpya ya mtu binafsi dhidi ya Tanzania haipokelewi, mpaka tamko lirudishwe, na kulirudisha kunahitaji barua tu, siyo mabadiliko ya Katiba. Kijana aanze na hiyo.